Kinasa-ndoto cha hadithi yangu: kofia, chumba cha sumaku au glavu?

Mwana_Pangani
Wakuu, naomba mawazo yenu. Naandika hadithi ya kubuni inayotokea Tanga mwaka 2071. Pale Ngamiani kuna nyumba inayonunua ndoto: mtu anaingia jioni, analala, alfajiri anaondoka na hela yake, ndoto inabaki kwenye mtambo ikichambuliwa kabla ya kuuzwa kwa watengeneza filamu. Wahusika ninao, mtaa naujua hadi vichochoro. Kilichonikwamisha ni mashine yenyewe. Nina tatu: kofia ya elektrodi inayosoma umeme wa ubongo, chumba chenye sumaku kubwa ambamo mtu analazwa kama kwenye MRI, ile mashine ya hospitali inayopiga picha ndani ya mwili, na glavu inayomhisi mtu akianza kusinzia, kisha inamwamsha na kumuuliza. Naegemea chumba kwa sababu kinatisha. Ipi itasimama mbele ya msomaji anayejua sayansi?

Fundi_Mawimbi
Chumba kina msingi wa kweli. Mwaka 2013 kundi la mtafiti Yukiyasu Kamitani huko Kyoto, Japani, lilichapisha jaribio lake katika jarida la Science. Watu watatu walilala ndani ya MRI wakiwa na elektrodi kichwani. Mawimbi ya ubongo yakionyesha mtu ameanza kusinzia, anaamshwa, anaulizwa alikuwa anaona nini, anajibu, analala tena. Iliendelea hivyo mpaka kila mmoja akatoa masimulizi yasiyopungua 200 yenye picha ndani yake. Kompyuta ilikuwa imefunzwa kwa kumwonyesha mtu huyo huyo picha za vitu akiwa macho, kisha ikatakiwa kubashiri alichoota kwa kutazama hali ya ubongo wake sekunde chache kabla hajaamshwa. Ikipewa vitu viwili ichague kimoja, ilipatia takriban mara 60 katika 100. Anayebahatisha hupata 50.

Kwa hiyo hakuna filamu iliyonaswa. Kinachobashiriwa ni aina ya kitu: gari, mwanamke, jengo. Tena MRI haisomi mawazo, inafuatilia damu yenye oksijeni ndani ya ubongo, na damu huchelewa sekunde kadhaa nyuma ya tukio. Halafu kuna kelele. Aliyewahi kuingia kwenye ile mashine anajua inavyogonga.

Lakini jambo moja lichukue ulitumie: kompyuta ya jaribio lile ilifunzwa kwa kila mtu peke yake. Mgeni hawezi kuingia leo jioni akauza ndoto kesho asubuhi. Itabidi kwanza akae akionyeshwa picha kwa saa nyingi, mtambo umzoee. Hapo una sura nzima ya hadithi.

Kofia ni rahisi, nyepesi, haina kelele. Daktari Mjerumani Hans Berger alirekodi umeme wa ubongo wa binadamu tangu 1924, tena kwa vifaa duni. Tatizo ni kwamba umeme unaofika juu ya ngozi ni sehemu za milioni ya volti, na fuvu limeshauvuruga njiani. Kofia itakuambia vizuri mtu yuko hatua gani ya usingizi. Anaota bahari au anaota deni, haikuambii.

Nesi_wa_Zamu
Mimi ni wa glavu. Kifaa cha namna hiyo kipo: watafiti wa maabara ya chuo kikuu cha MIT nchini Marekani walikitengeneza na kukiita Dormio. Kinavaliwa mkononi, kinafuatilia vidole vinavyolegea, mapigo ya moyo na ngozi. Mtu akizama kidogo, sauti inamtajia jambo la kuota, baadaye inamuuliza na kurekodi jibu lake. Mpaka leo njia ya uhakika ya kupata ndoto ni kumuuliza mwenyewe. Hata huko Kyoto, Fundi, bila masimulizi yale kompyuta isingekuwa na cha kupimwa nacho.

Ila glavu inakusanya ndoto za mlangoni tu. Zile ndefu zenye visa hutoka zaidi kwenye usingizi wa REM, ile hatua ambamo macho huchezacheza chini ya kope, unaorudi takriban kila dakika 90 na kurefuka kuelekea asubuhi. Basi nyumba yako, Mwana_Pangani, isiwe na pilikapilika saa nne usiku. Kazi iwe nzito saa kumi alfajiri.

Na usisahau jinamizi. Wakati wa REM misuli mingi ya mwili hulegezwa kabisa. Akili ikitangulia kuamka, mtu anajikuta macho wazi, hawezi kujigeuza, kifua kizito, na pengine anaona kiumbe chumbani. Kukatizwa usingizi mara kwa mara ni miongoni mwa vinavyolileta. Nyumba inayoamsha watu usiku kucha itajaa wanaokabwa. Muweke mtu wa kuwashika mkono na kuwaambia litapita. Kwangu huyo ndiye mhusika mkuu, si mwenye mtambo.

Mkaa_Barazani
Hapo Tanga usiwasahau wazee. Mafundisho tuliyokulia ni kwamba ndoto njema umsimulie unayempenda, na mbaya ujikinge kwa Mungu, usimsimulie mtu. Mashine inayochukua zote bila kuchagua itamgusa Mwislamu wa Ngamiani pabaya sana. Sina tatizo na sayansi. Ila mama atakayekubali kulala pale kwa sababu ya ada ya shule ya mtoto, huku anajua amevunja adabu ya ndoto, ana uzito kuliko sumaku yoyote.

Karani_Kesi
Naunga mkono. Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, Kenya ina ya kwao ya 2019. Chile ilikwenda mbali zaidi: mwaka 2021 iliingiza kinga ya shughuli za ubongo kwenye katiba, na 2023 Mahakama ya Juu yake iliamuru kampuni moja ifute data za ubongo wa aliyekuwa seneta, Guido Girardi. Data ile ilitoka kwenye kifaa cha elektrodi cha kuvaa kichwani. Kwa hiyo muuzaji wako akijuta, ana haki ya kudai ndoto ifutwe? Hata ikiwa imeshauzwa?

Fundi_Mawimbi
Nesi amenishika kwenye masimulizi. Lakini si lazima kumwamsha mtu. Mwaka 2021 maabara za Marekani, Ufaransa, Ujerumani na Uholanzi zilichapisha pamoja kwamba baadhi ya watu wanaojitambua kuwa wanaota waliweza kujibu maswali wakiwa ndani ya REM. Misuli ya macho hailegezwi kama mingine. Mmoja aliulizwa nane kutoa sita, akajibu kwa kupeleka macho kushoto na kulia mara mbili. Waliofanikiwa ni wachache, ila miaka 50 mbele si haba.

Mwana_Pangani
Chumba nimekiacha. Nachukua kofia ya kujua hatua ya usingizi, na macho ya kujibu. Muuzaji anabaki usingizini, mtambo unamuuliza, naye anachagua la kusema na la kuficha. Yule mama aliyemtaja Mkaa_Barazani anaingia: anaulizwa swali ndotoni na macho yake hayaendi popote. Karani, swali lako la kufuta nitalipeleka kwa mwenye nyumba, maana ameshapokea hela ya mnunuzi. Nesi, niambie, huyo wa kushika mikono anaruhusiwa kumgusa mtu kabla hajafumbua macho?

Nesi_wa_Zamu
Amwite jina kwanza, polepole. Halafu aguse bega.