Ushauri: Nampeleka mama Xi'an kwa siku moja. Nikodi mwongozaji binafsi au tujiendee wenyewe?

Mzigo Umefika (mwanzisha uzi)

Wakuu, habari za jioni. Nisaidieni kimawazo kabla sijatuma pesa ya watu.

Oktoba hii naenda Guangzhou kwenye Canton Fair, yale maonyesho ya biashara, kama kawaida yangu, ila safari hii naongozana na bi mkubwa. Mama ana miaka 67, mwalimu mstaafu wa historia, na tangu nianze kwenda China swali lake ni lile lile: "Jeshi la udongo umeshaliona?" Yaani zile sanamu za askari zilizozikwa karibu na kaburi la mfalme wa kale wa China, huko Xi'an. China yangu mimi ni maghala, hoteli na mawakala wa mizigo, basi kila nikirudi jibu ni hapana. Sasa nimeamua akalione mwenyewe.

Tukimaliza shughuli tunaruka Xi'an, tunafika jioni na kulala. Kesho yake ndiyo siku ya kutembea, keshokutwa tunageuza. Kuna kampuni nimewasiliana nayo, wametupa ziara ya siku moja ya sisi wawili tu: gari, dereva na mwongozaji anayeongea Kiingereza, dola 260 pamoja na viingilio. Ratiba yao hii hapa: saa mbili asubuhi kuchukuliwa hotelini, jeshi la udongo, kutembelea karakana ya sanamu (wameandika "bure"), chakula cha mchana, ukuta wa mji, Msikiti Mkuu, mtaa wa Waislamu, Pagoda ya Bata Bukini (mnara wa kale wa Kibudha), saa kumi na moja jioni kurudishwa.

Bei hiyo ni halali au napigwa? Magoti ya mama si mazuri, ataiweza siku ya namna hiyo? Na sisi ni Waislamu, suala la chakula likoje? Kichina changu mimi kinaishia kwenye "punguza bei".

Naomba kuwasilisha.

Kijana wa Temeke

Mkuu, dola 260 siku moja? Hiyo ni kodi ya chumba Mbagala miezi kadhaa. Treni ya chini ya ardhi ipo, laini namba 9 inakufikisha kituo cha Huaqingchi, hapo unachukua basi au teksi mpaka getini. Kiingilio yuan 120 kwa kichwa. Maelezo yote yako kwenye simu. Jiendeeni, hela iliyobaki ongeza mzigo.

Binti Ngamiani

Kijana wa Temeke, wewe unasafiri na begi la mgongoni, mwenzio anasafiri na mama mwenye magoti. Usimfananishe na wewe.

Kaka yangu Mzigo, kodi mwongozaji, ila ratiba hiyo usiikubali ilivyo. Imeandikwa na mtu wa mauzo. Anza na hiyo karakana ya bure. Mnaingizwa kwenye jengo, mnaonyeshwa mtu anakanda udongo dakika kumi, halafu njia ya kutokea inapita dukani: sanamu za saizi zote, vito vya jade, vitambaa vya hariri. Kampuni tuliyokwenda nayo sisi ilituweka humo mpaka mume wangu akaanza kupiga miayo, na mwongozaji hakuwa na haraka hata chembe, maana kwa kila kinachouzwa ana cha juu chake. Waandikie wazi: hakuna duka, hakuna karakana, hakuna sherehe ya kuonja chai. Wakisema bei itapanda kidogo, kubali. Ile ya chini ulikuwa unaimalizia dukani.

Faida ya mwongozaji iko ndani ya makumbusho. Mashimo zilimofukuliwa sanamu ni matatu. Namba 1 ndilo la kwenye picha, urefu wa mita 230 na upana wa 62, limeezekwa paa kama hangari la ndege, na watu wamejazana kwenye kizuizi cha mbele wakiinua simu. Ukiwa peke yako unapiga picha, unasema "maajabu", unatoka. Ukiwa na mtu anayejua kazi yake, anakupitisha pembeni hadi nyuma, kwenye sanamu zilizo vipande vipande zikiwa bado zinaunganishwa, na hapo ndipo unaelewa kwamba zile safu zilizosimama zimeungwa kipande kwa kipande.

Shimo namba 2 msiliruke. Kuna mpiga mshale aliyepiga goti, yuko kwenye kabati la kioo. Zungukeni nyuma yake, muiname mtazame soli ya kiatu chake. Mfinyanzi kaiwekea nukta za mshono, zimesongamana kwenye vidole na kisigino, katikati zimeachana. Soli ya kiatu cha askari, miaka elfu mbili na mia mbili iliyopita, ambayo ilikuwa izikwe gizani asiione mtu! Huyo ana hata mabaki ya rangi. Wote walipakwa rangi, ila ilikuwa ikifukuliwa na kukutana na hewa kavu inabanduka ndani ya dakika. Ndiyo sababu sehemu kubwa bado imeachwa chini ya ardhi makusudi. Kama bi mkubwa alifundisha historia, mtagombana naye kumtoa hapo.

Pagoda ifute. Ni nzuri, mtawa Xuanzang alihifadhi humo maandiko aliyoyatoa India, ilijengwa mwaka 652, lakini kwa siku moja na magoti hayo mtakuwa mnaweka tiki tu kwenye orodha.

Daktari Mtarajiwa

Habari zenu wakubwa. Mimi nasoma hapa hapa Xi'an, naongeza machache.

1. Tiketi za jeshi la udongo zinanunuliwa mtandaoni kwa jina na namba ya pasipoti. Kampuni ikikununulia, waandike jina lilivyo kwenye pasipoti, herufi kwa herufi. Pasipoti zenyewe mtembee nazo, kopi haikubaliki getini. Kwa umri wa mama, waulize pia kama ana punguzo.

2. Oktoba baada ya maonyesho ni wakati mzuri, joto limepungua. Msije tu wiki ya tarehe 1 mpaka 7. Ni sikukuu ya taifa, China nzima iko barabarani.

3. Saa mbili hotelini ni kuchelewa. Lintong kuliko na jeshi ni mwendo wa kama saa moja kutoka mjini. Ombeni kuondoka saa moja na robo, mfike geti linapofunguliwa. Ikifika saa nne mabasi ya vikundi yameshamwaga watu.

4. Kutoka getini mpaka kwenye mashimo ni mbali kwa mtu wa magoti. Kuna vigari vya umeme vya kulipia, mwambieni mwongozaji awapandishe, wengine hukaa kimya.

5. Tiketi ile ile inawapeleka na Bustani ya Lishan kwenye kaburi la mfalme mwenyewe, Qin Shi Huang, aliyeiunganisha China mwaka 221 kabla ya Kristo. Kaburi halijafunguliwa hadi leo, utaona kilima chenye miti tu. Ila magari mawili ya farasi ya shaba, yaliyopatikana 1980, yamehamishiwa huko kwenye jengo lake. Watu wengi wanarudi nyumbani hawajayaona kwa kudhani kila kitu kiko pale kwenye mashimo.

Na yeyote atakayewafuata kituo cha treni akisema "army, army, cheap", mpiteni. Kuna waliopelekwa kwenye maonyesho ya sanamu za kuiga wakaamini wameona zenyewe.

Mzigo Umefika

Nashukuru sana, dada Ngamiani na mdogo wangu Daktari. Swali la ziada: Daktari, kwa nini usituongoze wewe mwenyewe? Tunakulipa, na mama anapata maelezo kwa Kiswahili.

Daktari Mtarajiwa

Ningependa mkuu, lakini hapa kuongoza watalii kwa malipo ni kazi ya mwenye leseni, na viza yangu ni ya masomo. Nikikamatwa nakupigia maelezo pale shimoni, nimekwisha. Nikija jioni kumsalimia mama na kula naye, hilo halina shida. Mwongozaji halali ana kitambulisho chake cha leseni, muombeni awaonyeshe mapema.

Kijana wa Temeke

Haya nimekubali yaishe kuhusu mama. Ila kwa nini asubuhi asichukue mwongozaji, mchana wakabaki wenyewe mjini? Huko kwenye ukuta na msikiti kuna nini cha kuongozwa?

Sheikh Bila Kilemba

Kwa mara ya kwanza Temeke kaongea. Msikiti Mkuu sikushauri uingie ukiburuzwa na mtu anayeangalia saa.

Mzee mwenzangu, ule msikiti usiutafute kwa kuba wala mnara wa adhana. Hutauona. Ni nyua zinazofuatana, bustani, malango ya mbao, mapaa yaliyokunjwa ncha, na mnara wenyewe ni banda la ghorofa la Kichina. Kinachokushtua ni uelekeo. Majengo makubwa ya Kichina yamezoea kutazama kusini, huu umelazwa kutoka mashariki kwenda magharibi, kwa kuwa kutoka kule Makka iko magharibi. Jiwe lao linasema ulianzishwa mwaka 742, enzi za utawala wa Tang. Majengo unayoyaona mengi ni ya Ming, utawala wa karne nyingi baadaye, na wa baada yao. Wageni wasio Waislamu hawaingii ukumbi wa sala. Nyinyi mkisema mnakwenda kuswali mnapita. Mimi kiingilio sikutozwa, nilitoa salamu tu, mzee wa mlangoni akaitikia akanionyesha pa kutawadhia. Mpangieni mama iwe adhuhuri au alasiri, akae kwenye benchi la ua, apumzishe miguu. Watu wa Hui, hao Wachina Waislamu, ni wakarimu kwa mzee.

Chakula: mtaani pale karibu kila mtu anapika halali, ila hakikisheni kwa kutafuta herufi hizi mlangoni: 清真. Zipigeni picha muwe nazo kwenye simu. Chakula cha mchana cha kampuni karibu na makumbusho kataeni, kwanza huwa hakina ladha, pili hamjui kilipikiwa sufuria gani.

Kuleni paomo. Unapewa bakuli na mkate mgumu wa duara, unaumega kwa vidole vipande vidogo vidogo, vidogo kuliko unavyodhani, maana mkate ukiwa na vipande vikubwa supu haiingii. Ukimaliza bakuli linarudi jikoni, linakuja na supu ya kondoo, nyama na tambi, na kisahani cha vitunguu saumu vya kusindika. Mama asilazimishwe kuharakisha kumega. Wenyeji wanamega huku wanapiga soga nusu saa.

Mjuaji wa Kijiji

Mwambieni mama mwalimu pia kuhusu Makumbusho ya Historia ya Shaanxi, kama ndege yenu ya kurudi itasogezwa jioni. Kuna sanamu za udongo za enzi za Tang za watu weusi wenye nywele za kipilipili, Wachina waliwaita Kunlun. Moja imetoka kwenye kaburi la karne ya 9 nje kidogo ya mji huo. Wachina walituona kabla ya Vasco da Gama.

Binti Ngamiani

Mjuaji, polepole. Sanamu zipo, ila wataalamu hawajakubaliana kama ni Waafrika au watu wa visiwa vya Asia ya Kusini-Mashariki. Neno lenyewe lilitumika kwa wote. Mama atamuuliza mwongozaji ushahidi, na mwongozaji ataumbuka. Cha uhakika zaidi ni vigae vya bakuli za Kichina za enzi hizo hizo vilivyofukuliwa Manda na Shanga, huko Lamu.

Daktari Mtarajiwa

Na makumbusho hayo kiingilio cha kawaida ni bure, ila nafasi zinaisha haraka mno mtandaoni, na Jumatatu wamefunga. Msiyategemee.

Wakala wa Cargo

Mzigo, wewe mwenyeji wa Guangzhou haya unayajua, naandika kwa faida ya wengine. Unganisha kadi yako ya benki na Alipay au WeChat, programu za simu wanazolipia kule, ukiwa bado nyumbani, ujaribu kama inakubali. Wauza juisi ya komamanga wote wanaskani. WhatsApp na Google hazifunguki kwa intaneti ya kule, wekeni VPN (programu ya kupenya vizuizi vya intaneti) kabla au tumieni laini ya nyumbani kwa roming. Namba ya mwongozaji iwe kwenye WeChat. Na pawabanki, jamani.

Hoteli tafuteni ndani ya ukuta, karibu na Mnara wa Kengele. Mtaa wa Waislamu uko nyuma ya Mnara wa Ngoma, mnatembea kidogo tu. Ukilala karibu na uwanja wa ndege utajikuta kila asubuhi unavuka mji mzima, maana jeshi liko mashariki na uwanja uko kaskazini-magharibi.

Mzigo Umefika

Mrejesho, wadau. Nimewaandikia. Karakana imetoka, pagoda imetoka, chakula chao kimetoka. Kuondoka saa moja na robo. Mashimo yote matatu, vigari vya umeme, magari ya shaba, halafu wanatushusha Lango la Kusini la ukuta, mwongozaji anapanda nasi kidogo, kisha anatuachia kwenye mtaa wa Waislamu saa nane na gari linaondoka. Wamesema dola 240. Nilidhani watapandisha! Wamenitumia na picha ya leseni ya mwongozaji, ni mama wa makamo, bi mkubwa kafurahi.

Ukuta sikuuondoa kwa kuwa mama anataka kusimama juu yake tu, ile kilomita karibu 14 kwa baiskeli nawaachia kina Temeke. Swali la mwisho: bakhshishi?

Binti Ngamiani

China mgahawani na kwenye teksi hakuna anayedai. Waongozaji wa wageni ndio wamezoea kupewa, si lazima. Akifanya kazi vizuri mpe mkononi mkiagana, na dereva usimsahau. Kama imepungua bei baada ya kutoa karakana na chakula, basi hao ni watu wazima. Mimi wangu walipandisha.

Sheikh Bila Kilemba

Mama avae viatu vya kufunga, si ndala. Mawe ya nyua za msikiti yakilowa yanateleza.

Kijana wa Temeke

Sawa mkuu, safari njema na msalimie bi mkubwa. Ukiwa Guangzhou niulizie bei ya taa za bodaboda, zile za LED, kwa boksi.

Mzigo Umefika

Njoo PM.