Kuna mtu aliyeishi kwa kushuti shoo za laivu?

Kijana_wa_Lenzi
Wakuu habari za jioni, naombeni mawazo. Mwaka wa nne huu nashuti shoo za laivu hapa Dar, bendi za dansi, taarabu, singeli kidogo, na hii kazi naipenda sana. Shida nyumbani wananiambia nihamie harusi moja kwa moja maana huko ndo kuna hela, na mimi nikiangalia klipu zangu naona zote zinafanana, mwimbaji, gitaa, mwimbaji tena, taa. Hivi yupo kameraman aliyejenga jina kwa kazi hii, na alikuwa anakula nini?

Babu_Mkanda
Kijana wangu mtafute Albert Maysles, kameraman Mmarekani wa Boston, kazaliwa 1926 kafariki 2015. Wala hakuanzia kwenye filamu, alikuwa anafundisha saikolojia chuo kikuu, 1955 akaazima kamera akaenda Urusi kushuti hospitali za wagonjwa wa akili, ikawa ndo basi tena. Baadaye akashirikiana na mdogo wake David, yeye kamera, mdogo mtu saundi. Sasa 1964 Beatles, ile bendi ya Waingereza, wametua Marekani mara ya kwanza, usiku wa kupiga kwenye TV hawa ndugu hawakuruhusiwa kushuti studio, wakaenda nyumbani kwa familia moja wakawashuti mabinti wanavyoiangalia ile shoo sebuleni. Yaani muziki unausikia ila unachokiona ni nyuso za wanaosikiliza. Kwangu mimi klipu zako zimekosa hicho tu.

Halafu kuna filamu yao Gimme Shelter ya 1970, ziara ya Rolling Stones, bendi nyingine ya Waingereza. Wengi wanaikumbuka kwa mauaji kwenye shoo yao ya Altamont, California, Desemba 6, 1969, mtu alichomwa kisu karibu na steji kamera zinashuti, na kweli ni nzito ile, inaumiza kuitazama. Lakini mimi ninayoirudia ni ile sehemu ya studio kule Alabama, bendi imekaa inasikiliza wimbo wake wenyewe, hakuna anayegusa chombo, kamera imetulia kwenye buti za mpiga gitaa Keith Richards na usoni kwake, jamaa kafumba macho anaimba chini chini. Hakuna taa za rangi pale wala moshi.

Kuhusu kula, wale ndugu walishuti sana matangazo ya biashara na filamu za makampuni, hela ikaenda kwenye filamu zao. Kwa hiyo harusi piga tu mwanangu, shoo usiache.

Mutoto_wa_Bukavu
Naongeza kidogo toka huku Kongo. Huyo Albert Maysles alikuwa mmoja wa walioshuti tamasha la muziki la Kinshasa Septemba 1974, siku tatu, James Brown, Miriam Makeba, B.B. King, Celia Cruz, na Franco na Tabu Ley wetu. Lilipangwa liende pamoja na pambano la ngumi la Muhammad Ali na George Foreman, Foreman akachanika juu ya jicho mazoezini, pambano likasogezwa mpaka Oktoba 30 ila muziki ukapigwa vilevile. Filamu ya tamasha lenyewe, Soul Power, imetoka 2008, miaka 34 baadaye ndugu yangu! Kwa hiyo usifute kitu, weka kopi mbili, moja isikae nyumbani kwako.

Kijana_wa_Lenzi
Babu shikamoo, na asante sana. Nimefungua diski ya shoo ya Ijumaa, masaa mawili na kidogo, watazamaji wanaonekana hata dakika moja haifiki, na kuna mama mmoja kapita nyuma ya mpiga besi anaimba huku analia, sekunde tatu tu nikamtoa kwenye fremu nikarudi kwa mwimbaji, imeniuma. Wiki hii kamera ya pili naigeuzia watu. Ila kule kuna giza, nafanyaje?

Babu_Mkanda
Marahaba. Usiwashe taa yako, ukiwamulika tu wanaanza kupozi. Kaa pembeni ya steji, zisome taa za ukumbi nyimbo mbili za kwanza bila haraka, utaona huwa zinawageukia watu kwenye kiitikio. Subiri hapo.