Sabrina Carpenter: alibebwa na Disney au alitoboa mwenyewe?

Mbukwenyi wakuu. Leo nilikuwa saluni hapa Majengo namsubiri mama watoto amalize kusukwa, msusi akaipiga Espresso, goma la yule mwimbaji wa Marekani Sabrina Carpenter, kwenye simu yake mara tatu mfululizo, mteja mmoja akatupia eti huyu binti hana lolote, mtoto wa tivii kabebwa tu. Pakawaka. Mie nikauchuna, ila sasa nimefika home naomba niseme.

Kubebwa gani huko? Tamthilia aliyoigiza, Girl Meets World, imeanza Disney Channel 2014, mwaka uliofuata albamu ya kwanza ikatoka Hollywood Records ambayo ni lebo ya Disney haohao, yaani uwanja wao, mpira wao, refa wao. Kapiga albamu nne pale mpaka 2019, nitajieni wimbo mmoja uliowahi kupigwa kwenye bajaji za Sabasaba. Kahama lebo 2021, Espresso imekuja 2024. Miaka kumi! Tivii ingekuwa inabeba angebebwa akiwa bado kwenye tivii.

binti_nkuhungu: Mkuu hapo umejipiga mwenyewe. Nani mwingine anaruhusiwa kubuma albamu nne na bado studio inafunguliwa? Dogo wa Chang'ombe anadunduliza hela ya bodaboda miezi arekodi ngoma moja, isipotembea ndo kwaheri, hakuna wa kumuuliza ya pili iko wapi. Kubebwa ndo huko.

mzee_wa_zabibu: Kwa Olivia Rodrigo, mwimbaji mwingine aliyetokea Disney, mnasemaje? Yeye kaonekana kwenye tamthilia ya High School Musical 2019, Januari 2021 katoa wimbo wa drivers license ukaingia moja kwa moja namba 1 Billboard Hot 100, chati ya nyimbo ya Marekani, na kukaa wiki 8, na huo kautolea lebo ya Geffen sio Disney. Anaandika mashairi yake. Kwahiyo sio wote wanasota.

mama_wawili: Nyie mnaongelea chati, mie nawaza mabinti zangu. Miley Cyrus walimpenda kwenye Hannah Montana, tamthilia ya Disney ile ya 2006 mpaka 2011, walikuwa wanaangalia kwenye flashi ya jirani, mara 2013 dada mzima yuko jukwaani nusu uchi nikatafuta rimoti nisiione. Lazima mtu avue nguo ndo aaminike kakua? Tuzo ya Grammy yenyewe kaja kuipata 2024 kwa Flowers, wimbo ambao hata mama yangu anauimba bila kuelewa neno.

mzee_wa_zabibu: Mama hapo sina la kukujibu. Ila walimsema sana kuliko wanaume wa umri wake.

Mie mwenye uzi: binti_nkuhungu umenishika, hiyo ya kuruhusiwa kubuma sikuifikiria kabisa. Bado nasema goma la Espresso ni la kwake Sabrina, tusimnyang'anye. Mama watoto analalamika nywele zimembana kichwa kinauma, kesho tunarudi zilegezwe, nikimkuta yule mteja ntamwambia alikuwa sahihi nusu.