Mdogo wangu anarudia filamu ileile ya Kitelugu tangu kaka yetu afariki. Nimnyang'anye flashi?

MwanaChumbageni (mwenye uzi)

Habari za jioni wakuu. Naomba mnisome mpaka mwisho kabla ya kunijibu, na mnisamehe nikikosea herufi, naandika nimesimama jikoni.

Kwa mama yetu tulikuwa watatu: kaka, mimi, na huyu kitinda mimba aliye kidato cha pili. Baba alitangulia zamani, hivyo kaka ndiye aliyekuwa baba. Alikuwa dereva wa bajaji hapa Tanga. Jumamosi akirudi, mkono mmoja mfuko wa chapati, mkono mwingine flashi aliyojaziwa muvi za Kihindi zilizotafsiriwa, kwenye kibanda kimoja cha stendi. Wanakaa sakafuni wawili wao mbele ya TV, mimi na mama tunawapigia kelele wapunguze sauti.

Kaka amefariki miezi miwili iliyopita. Aliumwa siku tatu tu. Arobaini tumeshasoma.

Tangu tuanue matanga, dogo kila usiku anaweka filamu ileile. Ina ndugu wawili wa kiume: mkubwa mkimya, hasira puani, mdogo maneno mengi, baba yao anamchekea kila anayepita njiani. Nimeulizia nikaambiwa inaitwa Seethamma Vakitlo Sirimalle Chettu, ya 2013, wamecheza Venkatesh na Mahesh Babu. Anaitazama mpaka pale wale ndugu wanaponuniana, hawasemeshani ndani ya nyumba moja. Hapo basi. TV inazimwa, analala. Kesho anaanza upya.

Kinachonitisha ni hiki. Wiki mbili kabla kaka hajaugua, alimzaba dogo kibao kwa kutoroka shule. Wakanuniana. Kaka kaondoka hawajapatana. Siku ya mwisho tulipokwenda kumwona, dogo alisimama mlangoni mwa wodi, hakuingia.

Mama anasema flashi itupwe. Mjomba anasema mtoto ataharibikiwa na akili. Mimi tangu jana asubuhi ninayo kwenye pochi, na dogo tangu jana hajala. Nimrudishie au nimnyime?

Kamanda wa Pongwe

Mnyime. Kidato cha pili ana mtihani wa taifa. Muvi kila usiku atasoma saa ngapi? Sisi tulifiwa na wazazi na kesho yake tulikuwa shambani.

mama_wawili

Kamanda, ndiyo maana mpaka leo unajibu watu hivyo.

Dada mwenye uzi, pole sana. Mimi nilifiwa na pacha wangu. Nilivaa kandambili zake mpaka zikakatika, mama akanifungia kwa waya. Zikakatika tena, akafunga tena. Mara ya tatu nilizitupa mwenyewe jalalani, hakuna aliyeniambia. Mrudishie flashi leo hii, na sahani ya ugali iende pamoja nayo.

Jicho Pembe

Kitelugu ndiyo nini? Muvi za Kihindi si Kihindi tu?

Mwanafunzi wa Hyderabad

Jicho Pembe, mwambie hivyo Mtelugu uone. Nimesoma Hyderabad, India, miaka mitatu, najua ninachosema. Kitelugu na Kihindi ni kama Kiswahili na Kimaasai: wanakaa nchi moja, lakini lugha si za ukoo mmoja. Wenyewe wako Andhra Pradesh na Telangana, majimbo yaliyotengana 2014, na wana tasnia yao ya filamu, si ile ya Mumbai. Ile filamu ya RRR mliyokesha mkizicheza nyimbo zake ni yao.

Sasa nije kwa dada yetu. Kuna kitu ambacho mfasiri wenu huenda alikiruka. Wale ndugu wawili hawana majina. Tazama filamu nzima, hutasikia jina la hata mmoja. Mkubwa anaitwa Peddodu, yaani "yule mkubwa". Mdogo ni Chinnodu, "yule mdogo". Mwongozaji Srikanth Addala aliwaacha hivyohivyo, kama wanavyoitana majumbani kule mto Godavari.

Mimi nilipofika kule ukoo wao sikufundishwa. Mama mwenye nyumba alinichorea kwenye karatasi ya vitumbua (wana vitu kama vitumbua, vinaitwa punugulu): peddananna ni baba mkubwa, neno kwa neno. Peddamma, mama mkubwa. Dada wa baba ana jina lake, kaka wa mama ana lake na heshima yake. Nikamwambia mama, haya mbona ya kwetu? Tulipoachana ni kwenye mabinamu. Mtoto wa mjomba au wa shangazi ni mchumba, tena kuna familia zinazomuuliza huyo kwanza kabla ya mtu wa nje. Lakini mtoto wa baba mdogo ni ndugu yako wa damu, hata kumfikiria ni aibu. Watu wa Pwani mtaelewa nusu yake, sisi wa bara tunaishia kwenye utani wa binamu nyama ya hamu. Kwa hiyo yule Seetha, binamu yatima anayelelewa mle ndani, kumngojea mkubwa si kituko kwao.

Nilichotaka kusema ni kuhusu hayo majina. Huwezi kuitwa "mdogo" kama hakuna mkubwa. Jina lote la yule kijana limeegemea kwa kaka yake. Dada, kaka yenu alikuwa akimwitaje dogo?

Ustadh wa Mtaa

Muombeeni marehemu. Na kijana apelekwe Ijumaa makaburini asome Fatiha mwenyewe. Hospitali alisimama mlangoni, sawa. Kaburi halina mlango.

Laibrari ya Zamani

Nimekodisha kanda tangu enzi za Lufufu, yule mtafsiri wa muvi, niacheni na mimi niseme.

Huyo Mahesh Babu anayecheza mdogo, kaka yake wa kweli alikuwa Ramesh Babu. Walianza kuigiza wangali watoto, baadaye Ramesh akaacha kuigiza akawa mtayarishaji. Ile Arjun ya 2004, ambamo Mahesh anapigana na dunia nzima kwa ajili ya pacha wake wa kike, fedha na kazi ni za kaka mtu. Ramesh alifariki tarehe 8 Januari 2022. Siku hizo Mahesh alikuwa na Uviko-19, amejifungia, hakuweza kwenda kumzika kaka yake. Mwaka huohuo Septemba akafiwa na mama, Novemba akafiwa na baba yake, mzee Krishna, ambaye naye alikuwa steringi mkubwa wa zamani.

Kwa hiyo dogo akijiona ni yeye peke yake duniani aliyebaki nje ya mlango, mpe habari hiyo. Usimpe kama mawaidha, atakimbia. Mpe kama umbea wa steringi, huku unamenya viazi.

Na tahadhari: mtu mwenye huruma zake asije akamletea dogo muvi nyingine "zinazofanana". Rakta Sambandham ya 1962, wamecheza NTR na Savitri kama kaka na dada: mwishoni wanakufa wote wawili. Walikuwa wameirudia kutoka kwenye Pasamalar ya Kitamil ya 1961, na Savitri alikuwa dada mtu kule pia, yaani alilia filamu mbili kwa msiba mmoja. Halafu kuna Maatrudevobhava ya 1993. Mama ana saratani ya damu, anawagawa watoto wake mmojammoja kwa watu wa kuwalea kabla hajafa. Wimbo wake alioutunga Veturi ulipata tuzo ya taifa ya India. Niliitazama mara moja na sitarudia. Tumezoea kusema steringi hafi. Watelugu wa zamani walikuwa wanamuua vizuri tu.

Kamanda wa Pongwe

Huo wa kaka kutozikwa na mdogo wake sikuujua.

MwanaChumbageni

Nimerudi wakuu. Nawashukuru wote, hata wewe Kamanda.

Flashi nimemrudishia jana. Alikula saa nne usiku, amesimama, bila kunitazama. Nikasema leo nakaa naye mpaka mwisho. Nikakaa sakafuni, upande aliokuwa akikaa kaka, kisha nikahama maana niliona anautazama ule upande.

Filamu ikaenda. Harusi, nyimbo, yule tajiri anayewadharau kwa sababu vijana hawana kazi. Ikafika pale wanaponuniana. Mkubwa anaingia ndani, mdogo anabaki. Ghafla TV ikawa nyeusi, kimya, halafu sauti ya DJ, yule anayetafsiri muvi: "Usikose sehemu ya pili!"

Wakuu, haizimi yeye. Inaishia hapo. Sisi tuko vyumbani tunasikia kimya, tunasema mtoto kazima TV, anaumizwa na kununiana. Nikamuuliza, kumbe iko nusu? Akanijibu kama mtu anayeulizwa saa: "Kaka alisema sehemu ya pili ataileta Jumamosi."

Nilitoka nje nikakaa kwenye ndoo.

Na kuhusu swali la Mwanafunzi: kaka alimwita Kitinda. Nyumba nzima ni yeye tu aliyemwita hivyo. Leo asubuhi nimejaribu, "Kitinda, njoo unywe chai." Akasema, "Hilo la kaka." Akaja akanywa chai.

Sasa swali langu limebadilika. Nimtafutie sehemu ya pili au niiache?

Fundi Flashi

Filamu yenyewe ni zaidi ya saa mbili na nusu, ukiongeza maneno ya mtafsiri lazima ikatwe. Ni mazoea tangu wakati wa CD, na biashara pia: ukichukua ya kwanza lazima urudi. Kamuulize yuleyule wa stendi. Usichukue kwa DJ mwingine, sauti ikibadilika dogo atakuona umemletea kaka wa kambo.

Jicho Pembe

Kwani wanapatana au hawapatani? Nimeshaanza kuumia na mimi.

Abunuasi2

Wanapatana mbona. Kule hekaluni watu wanakanyagana, wao wanaokoa

mama_wawili

Abunuasi si ungenyamaza tu jamani.

Mwanafunzi wa Hyderabad

Basi keshamwaga, ngoja niyazoe. Hekalu ni la Bhadrachalam, kando ya mto Godavari. Kila mwaka wanaifanya upya ndoa ya Rama na Sita, miungu ya Wahindu, umati mkubwa unakusanyika. Mtelugu akiona ndugu wawili wamefika pale, keshajua hadithi inakwenda wapi, maana Rama alipofukuzwa kwao mdogo wake Lakshmana aliacha kila kitu akamfuata porini. Hawaombani msamaha kwa hotuba. Kuna hatari, mikono yao inakutana kwenye kazi moja, basi.

Ningekuwa wewe ningeileta. Lakini usimsimulie.

mama_wawili

Mimi ndiyo naogopa hapo. Wale wanapatana. Dogo ataona wenzake wamepata nafasi ambayo yeye hakuipata. Ukiileta usimwache aitazame peke yake saa sita usiku. Na mama awepo, hata kama anasinzia. Na akilia msimwambie "wewe mwanaume". Sentensi hiyo mjomba aiache kwake.

Kamanda wa Pongwe

Nakubaliana na mama_wawili. Halafu nadhani kibao cha kaka kisifanywe kuwa dhambi. Marehemu alimpiga mtoto wake, mtoto akanuna. Kila nyumba hiyo ipo. Mimi na kaka yangu tulinuniana miezi minne kwa ajili ya baiskeli, na siku aliyonihitaji alipiga filimbi tu dirishani nikatoka. Wao wangefika huko, siku hazikutosha. Mwambie dogo hivyo, kwa maneno yako.

MwanaChumbageni

Kamanda, hilo la filimbi nimemsomea mama. Amecheka kwa mara ya kwanza tangu msiba.

Nimekwenda stendi. Yule kijana wa kibanda alinikumbuka kwa kaka, akaacha mteja akanipa mkono. Kwenye kompyuta yake muvi ziko kama mchele, na hii kaiandika SITAMA YASMINI 2. Nikamuuliza kwa nini yasmini, akasema jina lenyewe ndiyo maana yake, mti wa yasmini mlangoni kwa Sita, aliambiwa na DJ. Kaniwekea, hakutaka hela. Nikamlazimisha achukue mia tano, maana kaka alikuwa halipi nusu.

Nimefika nyumbani saa kumi na moja. Dogo anafua sare. Nikamwonyesha flashi, nikamwambia sehemu ya pili hii hapa, tuweke baada ya Isha? Akajifuta povu kwenye suruali, akaishika, akaitazama pande zote mbili kama vile ingekuwa imebadilika rangi.

Akasema leo ni Jumatano. Tungoje Jumamosi. Halafu akauliza kama nitapitia chapati.

Jicho Pembe

Dada, Jumamosi ukimaliza rudi utuambie. Na jina la hicho kibanda ni lipi, mimi nina sehemu ya kwanza tu.