Ukoo wa Pongwe: Jumamosi

Shangazi Zuhura 08:12
Assalaam alaykum. Jumamosi baada ya Alasiri tukutane kwa Bi Mkubwa. Zamu ya Nassoro kutusimulia: Charles Jenkins, sajini wa Marekani aliyetorokea Korea Kaskazini Januari 1965, akaishi huko miaka 39. Nani analeta maandazi?

Shangazi Zuhura 10:30
Mnasoma mnanyamaza. Jibuni!

Nassoro 10:41
Waalaykum salaam Shangazi. Aliogopa kupelekwa Vietnam. Alidhani Wakorea watamkabidhi kwa Warusi, abadilishwe na wafungwa, arudi kwao. Kabla ya kuvuka alikunywa bia kumi.

Kombo 10:43
Kumi tu? Hajamfikia Mjomba siku ile ya Muheza 😂😂

Mjomba 10:44
Kombo nina namba ya mama yako

Shangazi Zuhura 10:45
Babu yumo humu! Maandazi?

Mwana 11:20
Mimi roho inaniuma kwa mkewe. Hitomi Soga alikuwa na miaka 19, anatoka dukani na mama yake kisiwani Sado, Japani, wakatekwa na majasusi wa Korea Kaskazini. 1978 hiyo. Mama hajaonekana mpaka leo.

Nassoro 11:26
Wakaoana 1980. Kila usiku mume anamuaga kwa Kijapani, mke anajibu kwa Kiingereza, wasisahau kwao.

Bi Chuma 11:50
Kabla ya maandazi, hela yangu ya turubai la msiba iko wapi?

Shangazi Zuhura 11:52
Dada, hilo liliisha.

Bi Chuma 11:52
Liliisha kwako.

Babu 13:40
Nimesoma. Alikuwa kiongozi wa doria. Aliwaambia vijana wake anakwenda kuangalia njia mbele, akawaacha gizani, kwenye baridi. Mimi nilikuwa Kagera. Nassoro, ukisimulia, anza na wale waliobaki wanamngoja.

Nassoro 14:25
Shikamoo Babu. Nimekusikia. Nitaanza nao. Na nitasema pia kwamba 2004 alijisalimisha Camp Zama, kambi ya jeshi la Marekani huko Japani, kwa saluti, akakiri kutoroka na kumsaidia adui kwa kufundisha Kiingereza. Alifungwa siku 30, akatoka baada ya 25. Mwaka uliofuata alimwona mama yake, ana miaka 91.

Babu 14:31
Marahaba.

Shangazi Zuhura 14:50
Basi Mwana ataeleza ya Hitomi. Babu, tukufuate saa ngapi?

Mwana 15:05
Nakubali, ila nisipewe dakika tano za mwisho. Huyo hakutoroka, alichukuliwa.

Shangazi Zuhura 15:07
Utapewa muda wa kutosha. Bi Chuma utakuja?

Bi Chuma 16:18
Turubai.

Kombo 19:02
Maandazi niachieni mimi. Turubai simo

Saumu 22:47
Ndiyo naona sasa. Niko Dar, nikiwahi basi la asubuhi nitafika. Babu anafuatwa na nani?