Naomba ushauri: miaka 9 na mhusika mmoja, nisaini tena au niage?

Mama Pazia (mwenye uzi)
Shikamooni wakubwa zangu, na wenzangu salaam. Naigiza katika tamthilia inayoonyeshwa mchana, na kwa miaka 9 nimekuwa mhusika yuleyule, mke mkubwa mwenye ulimi mkali, hata juzi muuza mboga wa mtaani kwetu alikataa kuniuzia mchicha mpaka nimwahidi kwamba nitamwomba radhi mke mwenzangu wa kwenye tamthilia. Sasa nimeletewa mkataba wa miaka 3 mingine, nao unanikataza kazi nyingine yoyote ya uigizaji, ilhali kikundi cha michezo ya jukwaani kimenialika. Nina miaka 41. Nikibaki, nahofia nitazeekea kwa mhusika huyu mmoja. Nikiondoka, nahofia kusahaulika.

Kisimani
Dada yangu, mtazame Susan Lucci wa Marekani. Alianza kuigiza Erica Kane katika All My Children mwezi Januari 1970, akiwa na miaka 23, akaendelea naye hadi kituo cha ABC kilipoisitisha tamthilia hiyo Septemba 2011. Mara ya kwanza kuteuliwa kuwania tuzo ya Emmy ya vipindi vya mchana ilikuwa 1978, na tangu hapo akawa anarudi nyumbani mikono mitupu hadi 1999, alipoteuliwa kwa mara ya 19. Jina lake lilipotajwa, ukumbi mzima ulisimama ukampigia makofi kwa dakika kadhaa kabla hajapata nafasi ya kusema neno. Ila ninachotaka ukiangalie ni kilichofuata. Mwishoni mwa mwaka huohuo alipanda jukwaani Broadway, kwenye kumbi kubwa za maigizo za New York, akashika kwa wiki chache nafasi ya mhusika mkuu wa mchezo wa Annie Get Your Gun, kisha akarudi kwa Erica wake. Ruhusa ya namna hiyo, ya kutoka na kurudi, ndiyo uidai kwa maandishi kabla hujashika kalamu.

Msoma Miswada
Naomba kutofautiana kidogo na ndugu Kisimani. Julianne Moore alipata Emmy mwaka 1988 kwa kuigiza ndugu wawili katika As the World Turns, akaondoka, na 2015 akatwaa Oscar. Aliyekuwa bibi yake katika tamthilia hiyohiyo, Helen Wagner, ndiye aliyetamka maneno ya kwanza kabisa ya tamthilia yenyewe tarehe 2 Aprili 1956, na ukiacha vipindi alivyokuwa nje, aliendelea kuwa Nancy Hughes hadi 2010, mwaka aliofariki akiwa na miaka 91. Simwoni aliyekosea kati yao. Tamthilia ya kila siku inachosha: usiku unakariri kurasa nyingi, asubuhi unazirekodi, na keshokutwa unaanza upya. Jiulize kama ukisoma mswada mpya bado unakutana na jambo usilolijua kuhusu huyo mke mkubwa unayemwigiza. Kama hulioni tena, ondoka.

Bi Mkubwa wa Kisosora
Marahaba mwanangu. Hilo la umri lisikutishe. Jeanne Cooper aliingia The Young and the Restless mwaka 1973 akiwa Katherine Chancellor, na 1984, alipofanyiwa upasuaji wa kukaza ngozi ya uso, kamera ziliingia chumba cha upasuaji, upasuaji wake mwenyewe ukawa wa Katherine pia, na watazamaji wakamwona na bandeji zake. Emmy ya mwigizaji bora wa kike aliipata 2008, akiwa na miaka 79, na hakuiacha kazi hiyo mpaka alipofariki 2013. Basi kabla ya kusaini omba kikao na waandishi, uwaulize huyo mke mkubwa atakuwa nani akifika miaka 44. Wakikujibu kwamba ataendelea kumtukana mke mwenza, jibu utakuwa umelipata.

Mama Pazia
Ahsanteni sana, Bi Mkubwa, umenigusa pale ninapoumwa. Nimezungumza na mwanasheria, naye anaandika kifungu cha wiki 6 za ruhusa kila mwaka kwa kazi za jukwaani. Kikao na waandishi nimepewa Alhamisi, na mkataba bado uko kwenye droo, haujasainiwa. Nitarudi hapa Ijumaa kuwaeleza walichonijibu.