Yule "fundi mkuu" wa Langoni, Lamu, leo kanivua nguo barazani

Jamani, nimetoka hapo sasa hivi na mikono yatetemeka. Simtaji, mwamjua. Yule mwenye stika za pengwini mpaka kwenye chaja.

Nimemuuliza swali moja, tena kwa shikamoo: kwenye draiva za grafiki za Linux, yaani programu ziendeshazo kadi ya skrini, kuna GEM na TTM za kusimamia kumbukumbu, ipi ndiyo yashika kumbukumbu ya kadi? Akatua kikombe cha kahawa, akanipokonya simu, akaionyesha baraza zima: "Kioo chako mwenyewe kimepasuka, wataka kuandikia kioo cha kompyuta draiva?"

Baraza likalipuka. Mzee aliyelala tangu Asri kaamka makusudi aje acheke. Punda kacheka. Kule Manda wamesikia.

Mimi napakia moduli ya draiva, skrini yawa nyeusi, nasoma dmesg, ujumbe wa ndani wa Linux, hadi adhana ya alfajiri. Hayo hakuyaona. Kaona kioo. "Kioo chako mwenyewe"! Mbele ya shemeji yangu! Na simu kaiinua juu, wallahi, wa nyuma nao wapate kuona.

Swali hakujibu.

*Bin_Mkomani:* Pole sana. Kimepasuka, hakikupasuka?

*Mwenye uzi:* SIYO HOJA.

*Bin_Mkomani:* Kimepasuka.

*MjukuuWaShela:* Afadhali wewe umechekwa bure. Mimi skrini nyeusi aliitibu kwa kuandika nomodeset kwenye amri za kuwasha kompyuta, akachukua pesa akaenda zake. Kumbe kaizima draiva yenyewe! Sasa video zajikokota.

*KahawaTungu:* Zote mbili. GEM yaipa programu kishikio cha bafa, kipande cha kumbukumbu, TTM yazihamisha bafa baina ya kumbukumbu ya kadi na ya kompyuta. Anza na vkms, draiva ya skrini ya kubuni, haitaki kadi. Na hasira ni jadi ya kazi hii: Torvalds, mwasisi wa Linux, aliwanyoshea NVIDIA, watengeneza kadi, kidole cha matusi mbele ya kamera, Finland, 2012.

*Mwenye uzi:* Ahsante. Lakini alivyoiinua ile simu!

*Abiria_Mokowe:* Mwalilia kioo? Leo boti imetuweka Mokowe mpaka ijae, jua la utosi, na mimi nina kuku wawili mapajani.

*MjukuuWaShela:* Ile ya buluu? Nahodha yule hana imani!

*Mwana_Malindi:* Nyinyi mna boti. Huku kwetu stima yazimika mtu akifungua friji.

*Abiria_Mokowe:* Kuku mmoja karuka majini.

*Bin_Mkomani:* Jogoo au tembe?